Daraja la nyaya mjini: magari na tramu pamoja, tramu bila magari, au uache nafasi ya baadaye?

Kila ikitangazwa flaiova au daraja jipya mjini tunauliza leni ngapi, bei gani, litaisha lini. Swali la nani hasa atavuka na atavuka kwa usafiri gani linakuja nyuma kabisa, mara nyingi zege limeshakauka, na hapo hata uwe na hoja nzuri namna gani hakuna wa kukusikiliza. Kwa hiyo naweka hapa madaraja kadhaa ya nyaya ya mijini ambayo kila moja limejibu hilo swali kivyake: yapo yanayobeba magari na tramu (ile treni nyepesi ya umeme inayopita mitaani kwenye reli) juu ya sakafu moja, yapo yanayobeba tramu na magari hayaruhusiwi kabisa, na lipo moja lililojengwa na nafasi ya tramu halafu reli hazikuwekwa. Kama unasomea uinjinia, uko mipango miji, ni diwani, au ni raia tu unayetaka kwenda kwenye mkutano wa wadau ukiwa na cha kusema, soma taratibu.

Niseme mapema naegemea wapi. Mji unaokua haraka na ambao hauna madaraja mengi uchague la pamoja, magari na tramu, ila tramu ipewe njia yake yenyewe katikati na uzito wake uingie kwenye hesabu tangu mchoro wa kwanza. Tramu bila magari ni nzuri sana, tena mi naipenda zaidi, lakini ina sharti lake. Kuacha nafasi wazi ni chaguo la tatu na lina mtego.

Tunaongelea daraja la aina gani

Aliyevuka Daraja la Nyerere pale Kigamboni, lile la mita 680 lililofunguliwa Aprili 2016, au lile la mto Nile pale Jinja la mita 525 lililofunguliwa Oktoba 2018, ameshaiona hii aina. Kuna mnara mmoja au miwili, na kebo zinatoka mnarani zinashuka moja kwa moja, zimenyooka, mpaka kwenye sakafu na kuibeba. Siyo yale madaraja ya kuning'inia yenye kebo kubwa mbili zilizopinda kutoka ng'ambo hadi ng'ambo. Faida yake mjini ni kwamba unaruka mto, reli au makutano makubwa bila kupanda nguzo nyingi chini, na sakafu inabaki nyembamba kiasi, kwa hiyo barabara za kupandia hazilazimiki kuwa ndefu sana. Kwa tramu hilo la mpando ni jambo kubwa. Tramu inapanda vizuri kuliko treni ya kawaida, mwinuko wa asilimia 6 inauweza, lakini kila asilimia unayoongeza unailipia kwenye umeme na kwenye breki miaka yote.

Kigamboni na Jinja yote mawili ni ya magari na watembea kwa miguu. Njia ya reli ya tramu au treni haimo. Hiyo ndo hali ya madaraja yetu mengi, ndo maana nimelazimika kwenda mbali kutafuta mifano.

La pamoja: Köln na Düsseldorf

Miji hii miwili ya Ujerumani iko kwenye mto mmoja, Rhine, na yote ina daraja la nyaya linalobeba magari na tramu. Wazee waliokuwa wanasikiliza Sauti ya Ujerumani redioni wanalijua jina la Köln vizuri, maana Deutsche Welle ilikuwa pale kabla ya kuhamia Bonn mwaka 2003, na idhaa ya Kiswahili ilianza kusikika 1963. Wakati huo Severinsbrücke, ndo daraja lenyewe la Köln, lilikuwa na miaka michache tu, lilifunguliwa Novemba 1959.

Severinsbrücke lina urefu wa mita 691, na sehemu yake kubwa inaruka mita 302 bila nguzo. Mnara ni mmoja tu, una umbo la herufi A, urefu kama mita 77, na haujasimama katikati ya mto, umesogezwa upande wa Deutz, ukingo wa mashariki. Sababu siyo ya kihesabu tu. Ng'ambo ya pili kuna kanisa kuu la Köln lenye minara ya mita 157, na waliochora hawakutaka mnara wa daraja ushindane nalo kwenye mandhari ya mji. Mi naona ule ni uamuzi wa heshima, na umedumu, daraja bado linaonekana la kisasa mpaka leo wakati mengi ya rika lake yamechakaa kwa sura.

Lakini lilitoka kwa gharama. Septemba 1956, wakati wanajenga msingi wa huo mnara chini ya maji, kisima cha chuma walichokuwa wanafanyia kazi kilipinduka na wafanyakazi 5 wakafa. Ukisimama pale ukalisifia daraja, wale watu nao wakumbukwe.

Sasa la tramu. Mwanzoni reli zilipita katikati ya barabara na magari yakapita humo humo juu ya reli. Miaka kama ishirini baadaye wakaona haifai, wakaitenganisha, reli zikapata tuta lake katikati na magari yakabaki pembeni kila upande. Leo laini ya 3 na ya 4 zinapita hapo. Ukiwa kwenye kituo cha Severinstraße, ambacho kiko juu kwenye mpando wa daraja, unaona kitu hicho wazi: leni za magari zimejaa, zinasogea kidogo zinasimama, na katikati tramu ya mabehewa mawili yaliyounganishwa inaondoka kituoni, inapita katikati ya miguu ya ile A, inamaliza mto kabla gari uliyokuwa unaliangalia halijafika hata mnarani. Hakuna hoja ya karatasi inayozidi hiyo.

Düsseldorf, Oberkasseler Brücke, wao walitatua tatizo lingine ambalo sisi tunalijua sana: utajengaje daraja jipya mahali ambapo la zamani linatumika kila siku na huwezi kulifunga? Wakajenga jipya pembeni ya la zamani, wakahamishia magari na tramu, wakabomoa la zamani, halafu Aprili 1976 wakalisukuma lile jipya zima, tani kama 12,500, mita 47.5 kwa upande mpaka likakaa mahali pa la zamani. Mnara wake ni mmoja, uko katikati kabisa ya barabara, na kebo zimepangwa mstari mmoja katikati, tofauti na Severin ambapo kebo zinashuka kwenye kingo mbili.

Hiyo tofauti ya kebo usiipite haraka, ina maana kwa anayechagua. Kebo zikiwa mstari mmoja katikati, daraja linapendeza na dereva anaona mto bila kuzibwa, lakini sakafu inabidi iwe boksi gumu la chuma linaloweza kuhimili kusokotwa, maana uzito ukiegemea upande mmoja hakuna kebo ya ukingoni ya kuushika. Kebo zikiwa kwenye kingo mbili, zenyewe zinasaidia kuzuia kule kusokotwa. Ndo maana mahali pa reli siyo suala la urembo. Ukiweka reli zote mbili ukingo mmoja wa daraja halafu tramu mbili zilizojaa zikapishana hapo, umeitwisha sakafu mzigo wa upande kila siku iendayo kwa Mungu. Ukiziweka katikati, mzigo unakaa kwenye mhimili wake.

Bila magari: Portland na Dublin

Tilikum Crossing lipo Portland, jimbo la Oregon, Marekani, juu ya mto Willamette. Lilifunguliwa Septemba 2015, urefu kama mita 524, minara miwili ya mita 55. Linapitisha tramu kubwa za MAX, tramu ndogo za mjini, mabasi, baiskeli, watu kwa miguu na magari ya dharura kama ambulansi na zimamoto. Gari binafsi marufuku, lori marufuku. Katika nchi ambayo hata kununua mkate watu wanaenda na gari, kujenga daraja kubwa jipya na kusema gari lako halipiti, huo ni uamuzi mzito na nawapa hongera.

Nilichokipenda kwenye dizaini ni jinsi kebo zinavyopita mnarani. Kawaida kebo ya kushoto inaishia mnarani na ya kulia inaishia mnarani, kila moja na nanga yake, kwa hiyo mnara inabidi uwe mpana ndani ili fundi aweze kufika. Tilikum kebo inapita mnarani mfululizo, inaingia upande mmoja inatokea wa pili imeshikwa kwenye tandiko, na minara ikaweza kuwa myembamba. Njia za miguu na baiskeli ziko pande zote mbili, pana zaidi ya mita 4 kila upande, kwa hiyo mama na kigari cha mtoto hapigani vikumbo na mwendesha baiskeli.

Ile sharti niliyosema ndo hii sasa. Tilikum liko katikati ya madaraja mengine mawili ya magari, Ross Island upande wa kusini na Marquam upande wa kaskazini, yote ya zamani. Mwenye gari ana pa kupita tayari. Hakuna mgonjwa wala mzigo wa sokoni uliokwama kwa sababu daraja limekataa magari. Ukichukua mfano huo ukaupeleka mahali ambapo ng'ambo haina njia nyingine zaidi ya pantoni, watu hawatakuelewa, na watakuwa na haki.

Dublin nako kuna William Dargan Bridge, mtaa wa Dundrum, na hili ndo flaiova hasa, haliruki mto, linaruka makutano ya barabara. Mita 162 tu, mnara mmoja wa mita 50, linabeba tramu za Luas laini ya kijani iliyoanza 2004. Wangeweza kuipitisha tramu chini kwenye makutano pamoja na taa za barabarani, na ingekwama kila siku na magari. Wakairusha juu. Kinachonigusa zaidi hapa ni historia ya njia yenyewe: sehemu kubwa ya laini hiyo ilikuwa reli ya treni iliyofungwa mwishoni mwa 1958, na karibu nusu karne baadaye mji ukarudi kuitumia ile ile njia. Mji uliotunza ukanda wake wa reli hata ukiwa hautumiki, siku ukihitaji unaukuta. Sisi ukanda ukikaa miaka miwili tu bila kitu, tayari kuna vibanda, gereji na nyumba ya ghorofa moja.

Nafasi iliyoachwa: Beograd

Daraja la Ada, Beograd, mji mkuu wa Serbia, juu ya mto Sava. Lilifunguliwa usiku wa kuamkia Januari 1, 2012. Hili ni jitu: mnara mmoja kama sindano wenye mita 200, sehemu kuu inaruka mita 376, sakafu ina upana wa mita 45. Kuna leni 6 za magari, njia za miguu na baiskeli pembeni, na katikati wakaacha nafasi ya njia mbili za reli nyepesi. Wakapiga hesabu ya uzito, wakajenga kwa kiwango hicho, wakafungua. Miaka zaidi ya kumi baadaye ile nafasi ya katikati ilikuwa bado haina reli.

Kuna watu wanaona Beograd walipoteza hela, na kuna wanaoona walikuwa na akili sana. Mi nadhani vyote viwili ni kweli kwa wakati wake. Kuongeza uwezo wa tramu kwenye daraja likiwa bado karatasini ni sehemu ndogo ya gharama, kuuongeza baada ya kujengwa ni karibu haiwezekani, maana kebo, nanga, mnara na msingi vyote vilishakatwa kwa kipimo. Kwa hiyo kuacha nafasi ni busara. Mtego uko hapa: nafasi isiyokuwa na mwenyewe inavutia. Foleni ikizidi, mwanasiasa wa kwanza atakayetafuta kura atasema fungueni hiyo katikati magari yapite, na siku tramu inakuja unaambiwa utanyang'anya watu barabara yao. Na tatizo lingine ni kwamba daraja haliwezi kuwa na tramu kama mji hauna mtandao wa tramu unaofika mpaka mlangoni pa daraja kutoka pande zote mbili. Nafasi bila mpango wa laini nzima, wenye tarehe na bajeti, ni mahali patupu tu palipolipiwa.

Watu wangapi kwa saa

Tupige hesabu ya kawaida kabisa. Leni moja ya magari isiyokatwa na taa, ikienda vizuri bila ajali wala bajaji iliyoharibika, inapitisha gari kama 1,800 mpaka 2,000 kwa saa. Tuseme kila gari lina mtu mmoja na nusu kwa wastani, hao ni watu 3,000 hivi. Njia moja ya tramu yenye mabehewa mawili yaliyounganishwa yanayobeba watu 350, ikipita kila baada ya dakika 3, ni safari 20 kwa saa, watu 7,000. Upana wa ile njia ni karibu sawa na leni moja ya gari. Kwa hiyo kila mita ya upana wa sakafu unayoipa tramu inavusha zaidi ya mara mbili, na mita ya upana wa sakafu ya daraja la nyaya ni ghali sana, siyo sawa na mita ya barabara ya chini.

Lakini usidanganyike na hizo 7,000. Zinapatikana kama tramu inapita kila dakika 3 kweli, na imejaa. Addis Ababa walifungua reli yao nyepesi 2015, sehemu yake inapita juu kwenye nguzo, kazi nzuri, ila baadaye treni nyingi zikakaa gereji kwa kukosa vipuri na waliobaki kwenye foleni kituoni ni wananchi. Daraja zuri lenye tramu inayokuja kila nusu saa linapitwa na leni moja ya mabasi yanayofuatana. Na kwa mji ambao tayari umewekeza kwenye mabasi ya mwendokasi kama Dar, siyo dhambi kabisa kuanza na mabasi katikati ya daraja na kujenga sakafu ya kuweza kubeba reli baadaye. Tilikum mabasi na tramu yanatumia njia moja ile ile, reli zimezama kwenye zege na tairi zinapita juu yake bila shida, kwa hiyo siyo jambo la kubuni.

Vitu ambavyo tramu inakuletea na gari haikuletei

Hapa ndo watu wengi hawafiki, na ndo naomba ukae kidogo.

Uzito kwanza. Tramu ya mita 30 ikiwa tupu ni tani kama 40, ukijaza watu 180 inafika tani 50 na zaidi. Lori zito nalo lina tani za hivyo hivyo, kwa hiyo siyo kwamba tramu ni mzigo wa ajabu. Tofauti ni kwamba lori linapita leo hapa kesho pale, tramu inakanyaga sentimita zile zile kila dakika chache, miaka 50. Chuma kinachoka kwa kurudiwa rudiwa kuliko kwa kubebeshwa mara moja, na kitachokea pale pale chini ya reli. Anayekwambia daraja la magari lina nguvu za kutosha malori, kwa hiyo reli tutatandika tu, mwambie alete hesabu ya uchovu wa chuma ndo muongee.

Ya pili ni joto. Chuma kinarefuka kwa joto, kila mita moja inaongezeka milimita 0.012 kwa kila nyuzi moja. Ionekane ndogo hivyo, chukua daraja la mita 691 kama la Köln na tofauti ya nyuzi 40 kati ya baridi kali na jua kali: ni sentimita 33. Barabara ya lami hiyo inamezwa na maungio ya chuma yale yenye meno unayoyasikia tairi ikipita ta-ta. Reli huwezi kuiachia pengo la sentimita 33, tramu itaanguka. Inabidi uweke maungio maalum ambapo reli mbili zilizochongwa zinateleza pembeni mwa mwenzake, na hayo yanahitaji kukaguliwa na kusafishwa mara kwa mara, mchanga ukijaa yanakwama. Sisi ukanda wa pwani tofauti ya joto siyo kubwa kama ya Ulaya, hilo ni afadhali kwetu, lakini chuma cheusi juani kinapata moto kuliko hewa, kwa hiyo usilifute kwenye bajeti.

Ya tatu ni umeme, na hii ndo ya hatari kimyakimya. Tramu nyingi zinatumia umeme wa DC, ule unaoenda upande mmoja tu kama wa betri, wa volti 750. Unakuja kwa waya wa juu na unarudi kituo cha umeme kwa kupitia reli. Kama reli haijatengwa vizuri na sakafu, sehemu ya huo umeme inatoroka, inapita kwenye nondo na vyuma vya daraja ikitafuta njia ya kurudi, na pale inapotokea kuingia ardhini au majini inakula chuma. Changanya na chumvi ya bahari. Kutenga reli kwa mpira na kuunganisha nondo zote ili upimike huo umeme unaotoroka ni kazi ya wakati wa ujenzi, baada ya zege kumwagwa hutaiweza vizuri tena.

La Ada, kama wamezingatia yote hayo kwenye ile nafasi ya katikati, wana hazina. Daraja ambalo limeachwa na upana tu bila hayo matatu halijaachwa na nafasi ya tramu, limeachwa na leni ya ziada.

Kebo na nani atazitunza

Hapa la pamoja na la tramu peke yake ni sawa, wote wana deni la matengenezo. Kebo za kisasa ni nyuzi za chuma zilizopakwa zinki, zimetiwa nta, zimevalishwa plastiki, na zimewekwa nyingi ili moja ikitolewa kubadilishwa zingine zibebe huku daraja linatumika kwa masharti. Upepo na mvua vikija pamoja kebo zinaweza kutikisika vibaya, ndo maana ukiangalia kwa karibu utaona plastiki ya nje ina ukuta mwembamba unaozunguka kama skrubu, kazi yake ni kuvunja maji yasitiririke kwa mstari, na chini karibu na sakafu kuna vizuia mtikisiko.

Genova, Italia, Agosti 14, 2018, daraja la Morandi lilianguka na watu 43 wakafa. Lilikuwa la barabara kuu, halina tramu, na kebo zake zilikuwa chache, zimefunikwa kwa zege, huwezi kuona kinachoendelea ndani. Kwa hiyo ukiwa unalinganisha zabuni mbili, moja kebo chache nene na nyingine kebo nyingi nyembamba zinazobadilishika, mi sioni hata pa kusita, chukua nyingi. Na uliza mapema hela ya ukaguzi inatoka mfuko gani. La Kigamboni lilijengwa kwa NSSF kuchangia asilimia 60 na serikali 40, na tozo ikawekwa kwa wanaovuka. Unaweza kubishana kuhusu kiwango cha tozo, na watu wamebishana sana, lakini angalau swali la hela inatoka wapi lilikuwa mezani. La pamoja lina faida hapo: tozo ya magari inaweza kusaidia kutunza sakafu ambayo tramu nayo inapita, wakati la tramu peke yake linategemea nauli na ruzuku, basi.

Kwa hiyo wewe uchague lipi

Kama ng'ambo yenu haina njia nyingine, au iliyopo ni moja na imezidiwa: la pamoja, reli katikati, tuta lake lenyewe tangu siku ya kwanza. Köln walianza kwa kuchanganya na wakalazimika kutenganisha, hamna haja ya kuanzia walipoanzia wao. Leni za magari zisizidi mbili kila upande, maana barabara za mjini zinazopokea magari huko chini haziwezi kumeza zaidi ya hapo, mtakuwa mmehamisha foleni tu kutoka ukingo wa mto mpaka kwenye taa za kwanza.

Kama mna madaraja ya magari tayari kushoto na kulia na kinachokosekana ni usafiri wa umma usiokwama: nendeni na la Portland, mruhusu mabasi na ambulansi, mpanue njia za miguu. Kwa mahali padogo pa kuruka makutano tu, la Dublin linatosha kabisa na ni la bei ya chini zaidi kwa sababu ni fupi na jembamba.

Kama hela ya tramu haipo kabisa na daraja lazima lianze mwaka huu: jengeni kama Ada, ila wapeni mabasi ile nafasi ya katikati siku ile ile ya ufunguzi, ili iwe na wenyewe, na mwekeni kwenye mkataba hesabu ya uchovu wa chuma, nafasi ya maungio ya reli na utengaji wa umeme, kila kimoja kikiwa na mchoro wake. Mkandarasi akisema hayo yatafanyika baadaye, msisaini.

Na kwa aliyeko Ulaya masomoni au kazini anayetaka kuona tofauti kwa macho: Köln na Düsseldorf kwa treni ni kama nusu saa, unaweza kuyaona yote mawili kwa siku moja. Severin livuke kwa laini ya 3 au 4 halafu urudi kwa miguu, na ukifika mwisho wa daraja angalia chini mahali reli inapotoka kwenye sakafu ya daraja kuingia nchi kavu, hapo ndo kuna ile kazi ya joto. Oberkasseler simama chini ya mnara uangalie magari yanavyopita pande mbili za kebo, halafu fikiria kitu chote hicho kikisukumwa mita 47 kwa upande.